Ruzizi unaingia Kivu au unatoka?

Nikialikwa kwenye darasa hapa Bukavu, mashariki ya Kongo, kuzungumza habari za maji, ramani naiacha kwanza kwenye mfuko. Naanza na swali: "Mto Ruzizi unaingia ziwa Kivu ao unatoka?" Darasa linagawanyika papo hapo. Wanaosema unaingia siwacheki, maana mito wanayoivuka kila siku mjini, kama Kahuwa, inamwaga maji yake ziwani. Isitoshe, pale Ruzizi unapoanzia maji yametulia kiasi kwamba macho peke yake hayakwambii yanaelekea wapi. Tupa jani la mparachichi majini, karibu na daraja la mpakani la Ruzizi I, ulitazame. Litasitasita kidogo kama mtu aliyesahau kitu nyumbani, halafu litashika njia ya kusini.

Ruzizi unatoka Kivu na kumwaga maji yake katika ziwa Tanganyika. Jambo hilo limewahi kuwagombanisha wasafiri wakubwa wa Uingereza. Mwaka 1858 Richard Burton na John Speke walifika Uvira kwa mitumbwi, wakitumaini kwamba mto ulioko kwenye ncha ya kaskazini ya Tanganyika unatoka ziwani na kwenda kuwa Nile. Wenyeji wakawaambia bila kuzunguka: mto huo unaingia. Wageni hawakufika mdomoni mwake kujionea, na miaka michache baadaye Burton akaanza tena kubisha kwamba huenda unatoka. Ilipofika Novemba 1871, David Livingstone na Henry Morton Stanley walipanda mtumbwi kutoka Ujiji, wakafika penyewe, wakakuta maji yanaingia. Vitabu vinahesabu safari ile kuwa ugunduzi. Mimi naona walikwenda kuhakiki tu jibu ambalo watu wa Uvira walikuwa wamelitoa bure miaka 13 kabla yao.

Hata hivyo, walioota Nile hawakuwa wamepotea kabisa. Zamani maji ya bonde hili la Kivu yalikwenda kaskazini, upande wa ziwa Edward, na Edward ni la Nile kweli. Zikaja volkeno za Virunga, hizo zinazoutisha mji wa Goma mpaka leo, zikamwaga lava na kuliziba bonde. Maji yalipokosa njia, ziwa likapanda na kupanda mpaka likapata mahali palipo chini kwenye ukingo wa kusini, yaani hapa kwetu, likafurika. Ndivyo yalivyogeuka: kutoka Tanganyika yanapitia Lukuga pale Kalemie, yanaingia Lualaba, yaani mto Kongo wa juu, na mwisho wake ni bahari ya Atlantiki badala ya Mediterania. Kwa kalenda ya miamba, Ruzizi ni mto mtoto. Umri wake unahesabiwa kwa maelfu ya miaka, si kwa mamilioni, na bado unachimba korongo lake.

Kivu liko kwenye kimo cha mita 1,460 hivi juu ya bahari, Tanganyika mita 770 hivi. Tofauti hiyo ya karibu mita 690 mto unaishuka katika safari ya kilomita 117 tu, na sehemu kubwa ya mteremko imekwisha ukifika Kamanyola. Aliyewahi kushuka Ngomo kwa gari anaujua mteremko huo kwa masikio yake: yanaziba, yanazibuka, koti linavuliwa, na Kamanyola unapokewa na jua la namna nyingine. Kuanzia hapo mto unatulia, unajipindapinda katika tambarare ya mpunga na mihogo, kisha karibu na ziwa unagawanyika matawi kati ya matete, mamba na viboko. Upande wa Burundi, delta hiyo imetengwa kuwa hifadhi. Mpaka nao unafuata maji: huku juu ng'ambo ni Rwanda, na baada ya mto Ruhwa kuingia, ng'ambo ni Burundi. Majirani zetu wanaandika Rusizi. Mto ni huohuo.

Maporomoko ya huku juu yalikuwa ukuta kwa samaki. Wadogo wanaojaa Tanganyika hawakuweza kuyapanda, na Kivu likabaki na maji mapana ya katikati ambayo karibu hayakuwa na wa kuyala mazao yake. Mwishoni mwa miaka ya 1950 samaki hao waliletwa na watu. Ndiyo sambaza. Yule tunayemkaanga jioni na kumla na ugali ni ndugu wa lumbu wa Uvira. Hakupanda mto, alibebwa.

Mteremko uliowazuia samaki ndio unaotupa umeme. Kituo cha Ruzizi I kilianza kazi mwishoni mwa miaka hiyohiyo ya 1950, na Ruzizi II, ambacho ni cha Kongo, Rwanda na Burundi kwa pamoja, kikafuata mwaka 1989. Ruzizi I kina kazi nyingine isiyosemwa sana: milango yake ndiyo inayoongoza kiasi cha maji yanayotoka Kivu, kwa hiyo kimo cha ziwa lote, mpaka Goma, kwa sehemu kinashikwa na mkono ulioko hapa.

Mvua ikinyesha, chupa za plastiki zinashuka kwenye mifereji ya mitaa ya mlimani mpaka ziwani. Ziwa halizimezi. Zinaelea, na kwa kuwa Kivu lina mlango mmoja tu wa kutokea, zote zinaishia mbele ya kituo, zimeshikana kama mkeka unaodhani unaweza kuukanyaga. Zikipenya zinaziba turbini, mashine inasimamishwa, na sisi tunaanza kuulizana mtaani kama delestaji, yaani kukatwa umeme, ya leo ni ya kartie yetu au ya mji mzima. Huko chini wafanyakazi wanaziopoa kwa mikono, chupa na mifuko na kandambili, wanazirundika kando. Usiku mvua inaleta nyingine.