Ua wa parokia: maana yake katika miji midogo ya Bretagne

Magharibi kabisa mwa Bretagne, nchini Ufaransa, hasa katika eneo la kale la Léon na bonde la mto Élorn, msafiri huingia katika mji mdogo wa mashambani wenye watu elfu moja hivi, akakuta katikati yake kanisa ambalo lingeutosha mji mkubwa mara kadhaa kuliko huo. Kanisa hilo halisimami peke yake. Limezungushiwa ukuta wa mawe, na ndani ya ukuta mna makaburi, nyumba ya mifupa ya wafu na msalaba mrefu wa mawe uliojaa sanamu, huku mlango wa kuingilia ukiwa umejengwa kwa fahari kama lango la mfalme. Mkusanyiko huo wote ndio uitwao kwa Kifaransa enclos paroissial, nasi tunaweza kuuita ua wa parokia.

Neno "ua" linafaa hapa kwa maana yake ya kawaida kabisa, yaani eneo lililotengwa kwa wigo. Ukuta wenyewe aghalabu ni mfupi, na hakuna adui ambaye ungemzuia. Kazi yake ni kuonyesha mahali ardhi takatifu inapoanzia na mahali soko linapokoma. Katika njia ndogo za pembeni huwekwa bamba la jiwe lililosimamishwa, ambalo mtu hulivuka kwa kuinua mguu lakini mifugo hushindwa, kwa kuwa wanakijiji hawakutaka nguruwe wafukue makaburi ya wazazi wao. Lango kubwa lilikuwa na heshima yake: hapo ndipo jeneza lilipopitishwa kuelekea kaburini. Na kwa vile eneo la kuzikia lilikuwa dogo, makaburi ya zamani yalifukuliwa ili kuwapisha wafu wapya, na mifupa ikahamishiwa katika nyumba yake maalumu. Kwenye nyumba ya mifupa ya La Roche-Maurice amechongwa Ankou, ambaye kwa Wabretoni ndiye mauti katika umbo la mtu, pamoja na maneno ya Kifaransa yenye maana ya "nawaua nyote".

Mfano ulio bora zaidi, kwa maoni yangu, ni Guimiliau. Jina lenyewe lina historia ndani yake. Sehemu ya mwanzo inatokana na neno la Kibretoni gwik, lililotoka katika Kilatini vicus, yaani kijiji; sehemu ya pili ni Miliau, mtakatifu msimamizi wa kanisa, ambaye masimulizi humtaja kuwa mtawala aliyeuawa na ndugu yake mwenyewe. Majina ya namna hii yameenea kote Bretagne, nayo ni kumbukumbu ya Wabritoni waliovuka bahari kutoka kisiwa cha Britania tangu karne ya 5 na ya 6, wakaja na lugha yao, ambayo ni ndugu wa Kiwelisi, pamoja na watakatifu wao.

Kalvari ya Guimiliau, yaani ule msalaba wenye sanamu, ilijengwa kati ya 1581 na 1588 na ina sanamu zipatazo 200. Zinasimulia maisha na mateso ya Yesu, lakini askari na watu wa kawaida wamevishwa mavazi ya Ulaya ya karne ya 16, hivi kwamba mkulima wa siku zile aliyesimama chini yake aliwaona watu wa zama zake mwenyewe. Miongoni mwa matukio hayo ya Injili kuna moja ambalo halimo katika Injili yoyote: mashetani wanamburuta msichana kumwingiza katika kinywa cha jehanamu. Huyo ni Katell Gollet, yaani Katell aliyepotea, ambaye hadithi ya Kibretoni husema aliiba hostia takatifu, yaani mkate uliowekwa wakfu katika misa, akampa Ibilisi. Waliokuwa hawajui kusoma hawakuhitaji kuelezwa mara mbili.

Swali linalofuata ni fedha zilitoka wapi, maana kazi hii haikulipiwa na mfalme, wala na askofu. Zilitoka kwenye kitani. Nisieleweke vibaya: sizungumzii katani ya mkonge, bali mmea wenye maua ya samawati unaotoa nyuzi za kufuma nguo nyembamba. Mbegu ziliagizwa kutoka nchi za Baltiki na kuteremshwa katika bandari ya Roscoff. Wakulima wa Léon walipanda, wakavuna, wakasokota, kisha nyuzi zikachemshwa kwa maji ya majivu na kung'arishwa katika vijumba vya mawe kando ya vijito, vinavyoitwa kanndi. Nguo zilizofumwa zilisafirishwa kupitia Morlaix, nyingi zikienda Uingereza. Biashara hiyo ilizaa tabaka la wakulima matajiri walioitwa juloded, ambao walioana wao kwa wao na kushika nafasi katika kamati ya walei iliyosimamia mfuko wa kanisa.

Utajiri huo uliingia katika mashindano. Guimiliau, Lampaul-Guimiliau na Saint-Thégonnec ni majirani wa kilomita chache tu, na kila parokia iliangalia mwenzake anajenga nini. Saint-Thégonnec ilisimamisha lango lake mwaka 1587, ikaongeza Kalvari mwaka 1610, ikajenga nyumba ya mifupa kati ya 1676 na 1682, na mwaka 1683 ikapata mimbari ya mbao iliyochongwa kwa ustadi wa kustaajabisha. Guimiliau nayo ilikuwa imekwisha kufunika birika lake la ubatizo kwa paa la mwaloni lenye nguzo za kusokotwa, mwaka 1675. Wachongaji walipenda jiwe la kersanton, linalochimbwa karibu na ghuba ya Brest, kwa sababu ni laini linapotoka ardhini na huzidi kuwa gumu kadiri miaka inavyopita. Ndiyo maana mikunjo ya mavazi ya sanamu bado inaonekana wazi.

Mashindano yalikoma fedha zilipokoma. Mwishoni mwa karne ya 17 vita vya Louis XIV na mvutano wa ushuru kati ya Ufaransa na Uingereza viliwafungia wauza nguo soko lao kubwa. Kwa kukosa fedha, parokia nyingi hazikubomoa majengo ya kale ili kujenga mapya kwa mtindo wa karne iliyofuata, na umaskini huo ukawa mlinzi wa nyua hizi kuliko sheria yoyote. Hatari ya karibuni zaidi ilikuwa moto ulioliunguza kanisa la Saint-Thégonnec mwaka 1998. Ukarabati wake ulichukua miaka kadhaa.

Leo wageni hushuka kwenye mabasi, wakapiga picha za Kalvari na mimbari, kisha wakaondoka. Wachache huteremka hadi kwenye vijito, ambako kanndi zilizobaki, nyingi zikiwa magofu, zimefunikwa na miiba.