Maana ya faili ya pamoja kwenye kompyuta ya maabara

Programu ya mashine ya maabara huonekana kama kitu kimoja: picha ndogo kwenye skrini, unabonyeza, inafunguka. Kumbe nyuma yake kuna faili chungu nzima, na baadhi si mali yake peke yake. Hizo za kutumiwa na programu nyingi ndizo huitwa faili za maktaba ya pamoja. Kwenye Windows majina yake huishia na .dll, kwenye Linux .so, na kwenye kompyuta za Apple .dylib.

Neno "maktaba" lisikupoteze ukaanza kuwaza maktaba ya vitabu ya McMillan pale Banda Street, Nairobi. Waza chama cha akina mama kule Umoja. Kila mmoja ana shughuli ya watu wengi labda mara moja kwa mwaka, leo ruracio (sherehe ya mahari), kesho matanga. Ya nini kila nyumba inunue sufuria ya kupikia watu mia mbili? Wananunua moja, inakaa kwa mweka hazina, mwenye shughuli anaifuata. Dll ni sufuria hiyo. Ndani yake mna maagizo ya kazi fulani, na programu inayotaka kazi hiyo ifanywe huiita badala ya kubeba maagizo yake yenyewe. Windows ya kwanza, ya mwaka 1985, ilikusudiwa iweze kwenda hata kwenye kompyuta yenye kumbukumbu ya kilobaiti 256, kwa hivyo kuchangia vyombo halikuwa jambo la hiari.

Sasa tuingie maabara. Mimi nimefanya kazi Industrial Area, kwenye maabara ya kukagua usahihi wa vifaa vya umeme. Kila kifaa huunganishwa na kompyuta kwa kebo, na kazi ya kupeleka amri na kurudisha jibu hufanana hata vifaa vikitofautiana. Ndiyo maana watengenezaji walikubaliana kiwango kimoja kiitwacho VISA, na kwenye Windows faili yake maarufu ni visa32.dll. Programu yoyote inayofuata kiwango hicho huitafuta faili kwa jina hilo hilo. Uzuri wake ndio mtego wake: kampuni kadhaa hutoa VISA yao, zote zinalitaka jina moja, na ndani ya folda moja jina moja ni la faili moja tu.

Ijumaa moja tuliletewa kifaa kipya, tukasakinisha programu yake, tukaenda zetu nyumbani. Jumatatu multimita ya zamani, ambayo hakuna aliyeigusa, ikagoma kuzungumza na kompyuta. Mwenzangu alibadilisha kebo mara mbili. Mimi nililaumu stima, maana wikendi ilikuwa imepotea. Hadi saa sita ndipo tulipotazama tarehe ya visa32.dll: ilikuwa ya Ijumaa. Mgeni alikuwa ameiweka sufuria yake mahali pa ile ya chama, na kifuniko cha mwenyeji hakikuingia.

Kisa cha namna hiyo ni kikongwe. Windows XP, iliyotoka 2001, ilileta njia ya kuweka matoleo mbalimbali ya faili moja kwenye kompyuta moja, kila programu ichukue lake. Wengine huweka nakala ndani ya folda ya programu yenyewe, kwa sababu kwa kawaida huko ndiko Windows hutafuta kabla ya kwenda kwenye folda za mfumo. Ni kama kununua sufuria yako mwenyewe: nafasi inaliwa, lakini huombi mtu.

Tatizo jingine ni biti, yaani ukubwa wa vipande vya data ambavyo programu imeundwa kushughulikia kwa mkupuo mmoja. Programu ya biti 64 haiwezi kupakia dll ya biti 32, wala ya 32 haiwezi kupakia ya 64, hata majina yakilingana. Na Windows ya biti 64 ina kituko chake: faili za biti 64 hukaa kwenye folda iitwayo System32, na za biti 32 kwenye SysWOW64. Sijui nani alifurahia mpango huo, lakini usishangae ukinakili faili sahihi hadi mahali pasipo sahihi.

Kuondoa programu nako kuna hatari. Windows ina daftari la kuhesabu ni programu ngapi zinatumia faili fulani, ila si kila programu hujiandikisha. Ukiulizwa kama faili ya pamoja ifutwe kwa kuwa haina mtumiaji, jibu hapana. Faili ya kilobaiti mia chache haikudai kodi. Na ikipotea, usiipakue kutoka tovuti ya mtu usiyemjua. Sakinisha upya programu ya mtengenezaji, ije na ndugu zake wote.

Kwetu suluhisho lilikuwa kuziondoa programu zote mbili na kuzirudisha, safari hii ya zamani ikiwa ya mwisho. Dakika 40 hivi. Lakini maabara inayofuata ISO/IEC 17025, kiwango cha kimataifa cha maabara za upimaji, lazima iidhinishe badiliko la programu, iliandike na kulithibitisha kabla ya kuanza kulitumia, kwa hivyo tulishinda siku nzima ya Jumanne tukipima upya vitu ambavyo majibu yake tuliyajua tangu Ijumaa.