Mbuzi aliyekula noti za muziki

Kazi yangu ni kuoanisha sauti na picha za katuni, na kila anayekuja kujifunza kwangu namwanzisha na mbuzi mmoja. Mbuzi huyo yumo ndani ya Steamboat Willie, filamu fupi ya Walt Disney isiyofika hata dakika nane, iliyoonyeshwa New York tarehe 18 Novemba 1928. Anatafuna karatasi za muziki za Minnie, mpenzi wa panya Mickey Mouse, anameza na gitaa lake dogo. Mickey anampanua kinywa, Minnie anaukamata mkia na kuuzungusha kama mpini wa gramafoni, na tumboni mwa mbuzi unatoka wimbo wa Turkey in the Straw.

Wanafunzi hucheka. Nawaacha wacheke, kisha nawaambia warudishe nyuma, wasogeze fremu moja moja, yaani zile picha tuli zinazounda filamu, na wahesabu.

Filamu ya sauti hupita kwenye projekta fremu 24 kwa sekunde. Ukitaka mapigo mawili kwa sekunde, kila pigo linachukua fremu 12. Ukitaka wimbo ukimbie, pigo lipe fremu 8. Hesabu ya darasa la nne, lakini ndiyo iliyobeba filamu nzima. Wilfred Jackson, kijana mgeni studioni wakati huo, alipuliza kinanda cha mdomo huku metronomu, kifaa kinachogonga mapigo kwa kasi isiyobadilika, ikigonga, na kasi ya wimbo ikageuzwa kuwa idadi ya fremu. Kwa hiyo Ub Iwerks, mchoraji mkuu, alijua kwato itatua fremu ya ngapi kabla hajaichora.

Walifanya majaribio studioni kwao. Projekta iliwekwa nje ya dirisha ili kelele zake zisiingie, wenyewe wakajificha nyuma ya shuka la kuonyeshea picha, Jackson na kinanda chake, wengine wakigonga masufuria. Kurekodi New York ndiko kulikowatoa jasho. Mara ya kwanza okestra haikwenda sambamba na picha, pesa zikateketea, Disney akauza gari lake. Mara ya pili waliweka kwenye filamu alama ya mpira unaodunda ili kondakta, kiongozi wa okestra, aone pigo kwa macho, na mambo yakanyooka.

Katuni za sauti zilikuwapo kabla. Ndugu Fleischer, watengenezaji wengine wa katuni, walizitoa katikati ya miaka ya 1920, na mwenzao Paul Terry alimwahi Disney kidogo mwaka huohuo wa 1928. Tofauti ni kwamba hapa kila kiungo cha mnyama ni ala. Meno ya ng'ombe yamepangwa kama mbao za marimba, na Mickey anayagonga kwa zamu. Paka anavutwa mkia, anapiga yowe palepale pigo linapoangukia. Watoto huniuliza kama si ukatili. Ni ukatili, ndiyo. Mickey wa 1928 ni mtundu asiye na haya, si yule mpole waliyemzoea kwenye mabegi ya shule. Ila mimi naona uchokozi ule una kazi yake: mpiga marimba wa kawaida hukupa sauti tu, ng'ombe hukupa sauti na sura yake ya kushangaa, vyote kwenye fremu ileile.

Mwaka uliofuata mtunzi Carl Stalling alitunga muziki wa The Skeleton Dance, katuni nyingine ya Disney, ambamo mifupa ya makaburini inacheza na mmoja anampiga mwenzake mgongoni kama marimba.

Nami niliwahi kujifanya mjuaji. Nilichora kuku anayecheza kwenye tangazo, nikaomba muziki baadaye. Ukaja mtamu kweli, lakini mguu wa kuku ulikuwa unatua fremu tatu nyuma ya ngoma. Fremu tatu ni moja ya nane ya sekunde. Aliyenipa kazi hakuweza kusema kasoro iko wapi. Alisema tu kuku wangu anaonekana amelewa. Nilichora upya nyayo zote, usiku kucha, metronomu ikigonga mezani.