Levellers hawakuwa wanagawa mali

Tuliweke sawa hili, maana mtu akigusa tu vitabu vya Christopher Hill, mwanahistoria Mwingereza, anakuja kuandika eti Levellers walitaka mali yote ya Uingereza igawanywe sawasawa. Hapana jamani. Levellers ni kundi la siasa lililoibuka London na ndani ya jeshi la Bunge kwenye vita ya wenyewe kwa wenyewe, miaka ya 1640, wakidai kura kwa watu wengi zaidi, uhuru wa dini na sheria moja kwa tajiri na maskini. Basi.

Jina lenyewe walibandikwa na wapinzani, kuwatisha wenye mashamba. Putney, karibu na London, mwaka 1647, kwenye mjadala wa jeshi, Ireton, mkubwa wa jeshi aliyewapinga, alimbana Kanali Rainsborough, aliyekuwa upande wao, kwamba ukimpa kila mwanaume kura utaishia kufuta umiliki wa mali, na Rainsborough akamjibu kwamba Mungu ameshalimaliza hilo kwenye amri ya usiibe. Halafu Mei 1649 kina John Lilburne, viongozi wa Levellers, wakiwa wamefungwa kwenye ngome ya Tower ya London, walitoa toleo jipya la Mkataba wa Watu, yaani katiba waliyoipendekeza, na humo wakaandika kabisa kwamba Bunge lisiwe na mamlaka ya kusawazisha mali za watu, na hata hiyo kura yenyewe watumishi na wanaoishi kwa sadaka hawamo, wanawake ndo usiseme.

Waliotaka ardhi iwe ya wote ni Diggers, kina Gerrard Winstanley, walioingia St George's Hill kule Surrey Aprili 1649 wakaanza kulima ardhi ya wazi, wakapanda karoti na maharage, wakasumbuliwa na wenye ardhi mpaka wakahama. Hao walijiita Levellers wa kweli na hapo ndo watu wanapochanganya, wakati hiyo "wa kweli" ilikuwa inasema wale wa mwanzo wameishia njiani.

Hill alikuwa Mmaksi na ukimsoma unaona kabisa moyo wake uko kwa Winstanley, lakini kwenye The World Turned Upside Down, cha 1972, kawatenganisha vizuri tu, na anaonyesha pia kwamba vijijini na jeshini kulikuwa na watu wa katikati, walioanzia kwenye kura wakasogea kwenye ardhi. Huo utata ni halali kuuzungumzia. Ila ukitaka mtu wa mashamba ya pamoja mtaje Winstanley, Lilburne muache na kura zake.