Je, kipimo cha CT kinaonyesha ugonjwa wa akili? Maswali na majibu kuhusu picha za ubongo

Mdogo wangu anasikia sauti, na daktari amesema ni skizofrenia. Tulichanga tukampeleka kwenye CT, ile picha ya eksirei ya kichwa inayotengenezwa kwa kompyuta, majibu yakatoka hana tatizo. Sasa baba anasema anajifanya.

Hajifanyi. Majibu yale yana maana kwamba hakuna uvimbe, damu iliyovuja, usaha wala alama ya kiharusi. Ndiyo maana kipimo hicho huagizwa mtu anapochanganyikiwa kwa mara ya kwanza: kuna magonjwa mengine ya ubongo yanayoweza kumfanya aonekane amerukwa na akili. Skizofrenia yenyewe hutambuliwa kwa kumsikiliza mgonjwa na ndugu zake, na kwa kuangalia dalili zimedumu muda gani. Kama fedha ni za kuchanga, ziwekeni kwa ajili ya dawa na nauli ya kliniki. Kurudia CT bila dalili mpya hakutawaambia chochote.

Lakini nimesoma kwamba ubongo wa wagonjwa hawa una tofauti.

Ni kweli. Mwaka 1976 Eve Johnstone na wenzake katika hospitali ya Northwick Park, London, waliwapiga picha za CT wagonjwa 17 waliougua skizofrenia kwa miaka mingi. Mashine hiyo ilikuwa ngeni; mgonjwa wa kwanza duniani alipimwa nayo 1971. Walikuta vyumba vya maji vilivyo ndani ya ubongo vimetanuka kuliko vya watu wazima kiafya. Tafiti za baadaye, nyingi kwa MRI, mashine inayopiga picha kwa nguvu ya sumaku, zikaonyesha pia kwamba hipokampasi, sehemu inayohusika na kumbukumbu, huwa ndogo kidogo.

Ila huo ni wastani wa kundi. Wapo wagonjwa wenye vyumba vidogo, na wapo watu wasio na shida yoyote wenye vyumba vipana. Umri na pombe navyo huvitanua. Daktari akipewa picha moja tu, hawezi kusema huyu ni mgonjwa na yule si mgonjwa.

Na sonona, ugonjwa wa huzuni nzito?

Tofauti ni ndogo zaidi. Uchambuzi mmoja wa kimataifa ulilinganisha wagonjwa 1,728 na watu 7,199 wasio na sonona: hipokampasi ilipungua kwa takriban asilimia 1. Hilo huonekana kwa hesabu za kompyuta, si kwa macho.

Kwa nini basi wenye kifafa hupimwa?

Kwa sababu kwenye kifafa mara nyingi kuna kitu cha kuonekana: kovu kwenye hipokampasi, uvimbe, jeraha la ajali ya zamani. Mtu mzima akianza kuanguka ghafla, au degedege likianzia upande mmoja wa mwili, picha inafaa kutafutwa.

Kwetu kuna sababu nyingine, nayo haizungumzwi vya kutosha: tegu wa nguruwe, aina ya mnyoo. Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba katika maeneo aliyoenea, takriban asilimia 30 ya kifafa hutokana naye. Huko Mbulu, kaskazini mwa Tanzania, wagonjwa wa kifafa 212 walipimwa CT, na 38 walikutwa na alama zake. Lava, yaani mtoto wa mnyoo huyo, akiwa hai huonekana kama lengelenge la maji lenye nukta ndani. Nukta hiyo ni kichwa chake. Akishafa, huweza kubaki kipunje cheupe kilichogeuka chokaa.

Sisi hatuli nguruwe, kwa hiyo tuko salama?

Hapana, na hapa wengi hukosea. Ukila kitimoto isiyoiva yenye malengelenge ya lava, unapata mnyoo tumboni. Anayefika kwenye ubongo hutokana na mayai, na mayai hayo hutoka kwenye kinyesi cha mtu mwenye mnyoo: mikono isiyonawiwa, kachumbari, maji. Mwanzoni mwa miaka ya 1990, Wayahudi wanne washika dini wa New York, wasiogusa nguruwe kabisa, waliugua hivyo. Uchunguzi ulielekea kwa wafanyakazi wa ndani waliowapikia. Choo na sabuni vina kazi kubwa hapa.

Ninunue albendazole, dawa ya minyoo, dukani nimeze?

Kwa kifafa, usijaribu. Lava wakifa kwa pamoja, ubongo huvimba na degedege linaweza kuzidi. Hospitalini dawa hiyo huambatana na steroidi, dawa za kupunguza uvimbe, na dawa za kifafa, tena baada ya picha. Na kama kimebaki chokaa tu, dawa ya minyoo haina cha kuua.

Bibi ameanza kusahau na kupotea njia. Si ni uzee tu?

Inaweza kuwa Alzheimer, ugonjwa wa kupoteza kumbukumbu ambao hipokampasi husinyaa nao. Lakini angalieni kama aliwahi kuanguka. Kwa wazee, hata kujigonga kidogo huweza kuvujisha damu taratibu chini ya fuvu, na kuchanganyikiwa kukaja wiki kadhaa baadaye. CT huionyesha, na ikitolewa wengi hurudiwa na fahamu zao. Mwambieni daktari kama alianguka, hata ikiwa ni mwezi uliopita, na kama anatumia dawa za kuzuia damu kuganda.