Kakao Ilikuwa Chenji, Jamani, Si "Mali kwa Mali"

Sentensi hii ingestaafu ningefurahi: "Waazteki na Wamaya hawakuwa na pesa, walibadilishana mali kwa mali." Imo kwenye madaftari ya shule, imo kwenye video za dakika tatu, na kila ikidhaniwa imekufa inaibuka kwa mtu mwenye digrii yake. Halafu anakuja mjuaji wa pili kumsahihisha: "Hapana, pesa yao ilikuwa inaota mtini, kwa hiyo kila mtu angeweza kulima utajiri." Huyu wa pili ananikera zaidi, maana ameufikia ukweli mlangoni kisha akageuza njia.

Kwanza nimalize la haraka. Wamaya hawakuwa dola moja. Tikal, Calakmul, Palenque na wenzao, katika Mexico na Guatemala za leo, zilikuwa falme zilizopigana na kuozana. Tikal ilipigwa mwaka 562, ikaja kuipiga Calakmul mwaka 695. Waazteki ni muungano wa miji mitatu, Tenochtitlan, Texcoco na Tlacopan, uliozaliwa mwaka 1428 baada ya Azcapotzalco kuangushwa, ukafa mwaka 1521 mikononi mwa Wahispania na wenyeji walioshirikiana nao. Ukiongea juu ya Calakmul hiyo na Tenochtitlan hii kana kwamba ni nchi moja, umeruka zaidi ya miaka 700. Na hata huo muungano haukuendesha kila kijiji: mtawala wa altepetl (mji na vijiji vyake) iliyoshindwa mara nyingi aliachwa kitini mwake, akaletewa calpixqui wa kukusanya kodi, basi.

Sasa pesa. Katika soko la Tlatelolco, mji jirani wa Tenochtitlan, mbegu ya kakao ilikuwa chenji. Juu yake kulikuwa na quachtli, shuka jeupe la pamba la kipimo maalumu, na wazee waliomweleza Sahagún, mtawa wa Kihispania wa karne ya 16, walitaja madaraja matatu: shuka la mbegu 100, la 80 na la 65. Kwa malipo makubwa kulikuwa na vumbi la dhahabu ndani ya mashina ya manyoya ya ndege, na vishoka vyembamba vya shaba. Azcapotzalco, kwenye soko la watumwa, mtumwa asiyejua sana kucheza ngoma aliuzwa mashuka 30, na anayecheza vizuri mwenye mwili usio na dosari 40. Hiyo ni bei iliyotajwa kwa kipimo kinachojulikana na pande zote mbili. Wasomaji wanaokumbuka jinsi doti za merikani zilivyolipa wapagazi na hongo kwenye njia za misafara hadi Ujiji hawatahitaji maelezo zaidi.

Orodha ya bei inayopendwa kunukuliwa inatoka Tlaxcala, mashariki mwa Bonde la Mexico, mwaka 1545. Bata mzinga jike: mbegu 100 zilizojaa, au 120 zilizosinyaa. Dume: 200. Yai la bata mzinga: 3. Parachichi lililochumwa sasa hivi: 3, likiiva kabisa, 1. Nyanya kubwa: 1. Tamale, andazi la unga wa mahindi: 1. Tazama hilo la parachichi. Bei inashuka tunda linapokaribia kuoza, na mbegu nyembamba ina thamani ndogo kuliko nene. Hao si watu wanaobadilishana kuku kwa mkeka kwa kukisia. Lakini orodha hiyo imeandikwa miaka 24 baada ya Tenochtitlan kuanguka, ndui imeshaua watu wengi mno, na fedha ya Kihispania imeshaingia sokoni. Kwa hiyo mpangilio wake (yai chini, dume juu, ubora una bei) nauamini. Tarakimu zenyewe nisingeziapia kwa mwaka 1500, na anayezigeuza kuwa dola za leo anajichekesha.

Turudi kwa yule wa "pesa inayoota mtini". Bonde la Mexico, ilikokuwa Tenochtitlan, liko zaidi ya mita 2,200 juu ya usawa wa bahari na hupigwa na jalidi. Mkakao unataka joto, unyevu na kivuli. Mkulima wa Kyela anajua haya bila kufundishwa. Mti hukaa miaka mitatu hadi mitano kabla ya kuzaa, na tunda moja hutoa mbegu kama 20 hadi 40. Zinachachushwa siku kadhaa, zinaanikwa, kisha zinabebwa mgongoni, kwa kuwa hapakuwa na punda wala ng'ombe wa kukokota. Mbegu zilihesabiwa, hazikupimwa kwa mizani: kwa 20, kwa 400, kwa 8,000, na mzigo ulikuwa 8,000 mara tatu, yaani 24,000. Mbegu kavu ina kama gramu moja, kwa hiyo mzigo unakaribia zile kilo 23 alizobeba mpagazi mmoja. Jimbo la Xoconochco, kwenye pwani ya Pasifiki, liliandikiwa mizigo 200, sawa na mbegu 4,800,000. Ukifikisha mjini, wakubwa wanazisaga na kuzinywa. Zisizonywewa zinaliwa na wadudu na ukungu. Pesa iliyo ghali kuzalisha, ngumu kusafirisha, na inayoishia vikombeni haijai mtaani kirahisi.

Na ilighushiwa. Sahagún ameacha maelezo ya muuza kakao mbaya: anazitia mbegu kwenye majivu ya moto zivimbe, anazipaka chaki na udongo mbichi, au anachukua ganda tupu na kulijaza unga wa mbegu za mchicha, nta, au kokwa la parachichi. Mtu anaweza kunibishia kwamba hapo anatapeliwa mnywaji, si mpokea chenji, na maandishi kweli yanasema "muuzaji". Ila ganda lenye nta linaumbuka mara tu likigusa jiwe la kusagia. Udanganyifu huo unalipa pale tu mbegu inapopita mkono hadi mkono bila kuvunjwa.

Kinachopuuzwa zaidi ni shuka. Kodi nyingi zilizochorwa katika Kodeksi ya Mendoza, kitabu cha michoro cha karne ya 16, ni nguo, mahindi, maharage, mavazi ya vita na manyoya. Kakao ilidaiwa majimbo machache tu. Serikali ilipokea mashuka kisha ikayatumia: mtawala Ahuitzotl aliwakabidhi pochteca, wafanyabiashara wa safari za mbali, mashuka 1,600, wakagawana 800 wa Tenochtitlan na 800 wa Tlatelolco, wakanunua bidhaa sokoni na kwenda kuziuza pwani. Nani aliyafuma? Wanawake. Morelos, kusini mwa Bonde la Mexico, ambako pamba inastawi, nyumba za watu wa kawaida zilizochimbuliwa zina visukio vidogo vya kusokotea uzi wa pamba karibu kila moja. Kisha Durán, mtawa mwingine wa karne hiyo ya 16, anatuambia mtu wa kawaida alikatazwa kuvaa pamba. Labda. Sheria ya mavazi inatwambia zaidi wakubwa walitamani nini kuliko watu walivaa nini.

Pesa hiyo haikununua kila kitu. Ardhi ya calpolli, yaani mtaa wenye ardhi ya pamoja, haikuwa bidhaa ya sokoni, na kazi ya zamu kwa mtawala ilidaiwa bila kujali una mbegu ngapi.

Kwa Wamaya wa kale napunguza mwendo. Bonampak, kwenye michoro ya mwishoni mwa karne ya 8, kuna gunia lililoandikwa kakao za 8,000 mara tano, 40,000. Calakmul, michoro inaonyesha watu wakigawa uji wa mahindi na chumvi, kila mmoja akitajwa kwa bidhaa yake. Bei haijaandikwa hata moja. Kakao ilihesabiwa, ikatolewa kama kodi: hapo nasimama. Anayetaka kuandika "pesa" kwa karne hiyo alete mtu anayenunua nayo kitu.