Je, wajua kwa nini kamba wa Louisiana huliwa na umati?

Huko Louisiana, kusini mwa Marekani, kuanzia Machi hadi Mei utakuta meza ndefu uani zimetandikwa magazeti, na juu yake limemwagwa lundo la kamba wekundu wa maji baridi, viazi, mahindi na soseji. Sahani hakuna, uma hakuna. Watu husimama wakimenya kwa vidole saa nzima. Kinachowavuta ni nini?

Wengi hujibu upesi: pilipili. Tena hudhani kwamba ukali huingia sufuria inapotokota, na kwamba ukichemsha sana ndivyo utamu unavyozidi. Sivyo kabisa. Kamba hawa wanataka dakika chache tu za kuchemka. Wakizidishiwa, nyama hukakamaa na kung'ang'ania gamba. Mpishi mzoefu huzima moto mapema, akawaacha walowe katika maji yaleyale dakika 20 hadi 30. Wengine hutupia barafu au mahindi yaliyogandishwa ili joto lishuke haraka.

Kupoa huko ndiko kunakofanya kazi. Chukua chupa ya plastiki, isuuze kwa maji moto, uyamwage, kisha uifunge. Ikipoa, ubavu wake hubonyea, maana mvuke na hewa iliyomo husinyaa. Kamba naye ana nafasi ndogondogo chini ya gamba, hasa kichwani. Ila gamba ni gumu, halibonyei, na kwenye maungio lina mianya. Basi kinachovutwa ndani ni maji yenye chumvi, ndimu, vitunguu saumu na pilipili. Waliokuwa wakielea huanza kuzama, na wapishi huitazama dalili hiyo. Hata hivyo, nyama yenyewe hainyonyi kingi. Ukali mwingi hukaa kati ya nyama na gamba, na kichwani. Ndiyo maana mlaji huvunja mkia, akafyonza kichwa kwanza, ambamo mna rojo ya manjano kutoka kwenye kiungo kinachofanya kazi kama ini. Hapo ndipo penye uhondo wote.

Na umati je? Nyama ya mkia ni takriban asilimia 15 tu ya uzito: kilo moja ya kamba hukupa gramu 150 hivi. Nao huuzwa wakiwa hai, kwa gunia la wavu la kilo 14 hadi 18, na hawakai siku nyingi. Familia ndogo hailimalizi gunia, kwa hiyo jirani huitwa, na zile dakika za kulowesha huwa za maongezi kando ya sufuria.

Wengi wa kamba hao hufugwa katika mashamba ya mpunga, maji yakirudishwa baada ya mavuno. Jamii hiyohiyo iliingizwa Ziwa Naivasha, Kenya, mwaka 1970. Louisiana, wanaobaki mezani humenywa papo hapo, na mikia hupikiwa mchuzi mzito wa kulia wali.